Siku Moja Subiaco: Kikombe na Kunguru wa Mtakatifu Benedikto

Wakristu wengi wa Katanga wanalijua jina la Mtakatifu Benedikto tangu utoto. Mwaka 1910 wamonaki wa abasia ya Mtakatifu Andrea, karibu na mji wa Bruges katika Ubelgiji, walikabidhiwa kazi ya Injili katika nchi yetu. Mkuu wao alikuwa Padri Jean-Félix de Hemptinne, aliyepewa uaskofu mwaka 1932. Wazee wetu waliwaona wamonaki hao na kanzu zao nyeusi, wakawasikia wakiimba zaburi, nao wakajifunza kwao kumwomba baba yao Benedikto.

Ndiyo maana hata leo medali ya Mtakatifu Benedikto inaonekana shingoni mwa watu wengi. Upande mmoja kuna msalaba na herufi nyingi. Upande wa pili anasimama mzee mwenye kanzu ya kimonaki, na miguuni pake kuna kikombe upande huu na kunguru upande ule. Watu huivaa wapate kulindwa na sumu na uchawi. Lakini ukiwauliza kikombe kile ni cha nini, na kunguru yule anatafuta nini, wachache watakujibu.

Sisi pia tuliivaa miaka mingi bila kuuliza. Basi, tulipokwenda Roma kwa hija katika mwezi wa Mei, mwezi wa Mama Maria, tulipata siku moja ya mapumziko. Wenzetu walibaki mjini kununua rozari na picha. Sisi tulikuwa wanne, tukakodi motokari pamoja na dereva wake, tukasema: Twende mahali ambapo kikombe kile kilivunjika. Tena tulikuwa na neno moyoni, lililotusumbua tangu nyumbani. Tutalisema mbele.

Tulitoka Roma asubuhi saa moja, tukashika njia ya mashariki. Yapata kilometa 30 ukafika Tivoli, mji uliojengwa juu ya kilima. Ukigeuka nyuma waona nchi tambarare yote ya Roma imelala chini yako. Hapo mto Aniene waanguka kwa kelele katika korongo refu, na maporomoko yake makubwa yapita mita 100. Zamani mto ulipita mahali pengine. Mwaka 1826 gharika ilibomoa nyumba za watu, ndipo Papa Gregori wa 16 akaamuru mlima utobolewe, na mwaka 1835 maji yakapewa njia mpya. Ukingoni mwa korongo limesimama hekalu la mviringo la wapagani, lililojengwa kabla ya kuzaliwa kwake Bwana wetu. Lilikuwa na nguzo 18, zimebaki 10. Baadaye Wakristu waliligeuza kuwa kanisa, na kwa sababu hiyo halikubomolewa.

Hatukukaa sana. Mto ule ule wa Aniene ndio uliokuwa kiongozi wetu siku ile: kazi yetu ilikuwa kuufuata kwenda juu, kuelekea milima unakotoka.

Mbele ya Tivoli bonde linabanwa na milima. Tukafika karibu na mji mdogo wa Vicovaro, tukashuka mahali paitwapo San Cosimato. Ni nyumba ya watawa ya zamani, imesimama juu ya jabali, na chini yake kabisa mto unapita katika kivuli cha miti. Katika ubavu wa jabali kuna mapango madogo madogo. Wakaapweke walikaa humo karne nyingi zilizopita, kila mtu katika shimo lake, kama njiwa katika vitundu. Mtu akishuka kwa ngazi za mawe lazima ashike ukuta, maana ukitazama chini kichwa chazunguka.

Mapokeo yasema kwamba hapa ndipo kikombe kilipovunjika. Na habari yenyewe twaipata kwa Papa Mtakatifu Gregori Mkuu, aliyeiandika yapata mwaka 593, karibu miaka 50 baada ya kufa kwake Benedikto. Gregori hakumwona Benedikto kwa macho. Lakini ataja wazi waliomsimulia: wanafunzi wanne wa Benedikto, majina yao Konstantino, Valentiniano, Simplisi na Honorati. Huyu wa mwisho alikuwa bado hai wakati ule, naye ndiye aliyekuwa mkuu wa nyumba ya Subiaco.

Basi, tusikie. Benedikto alizaliwa Norcia yapata mwaka 480. Wazazi wake walimpeleka Roma asome. Akaona wanafunzi wenzake wanavyopotea katika anasa, akaogopa asije akatumbukia nao, akaacha shule na urithi wa baba yake, akakimbilia milimani. Akakaa pangoni miaka mitatu. Hata sifa zake zilipoenea, wamonaki wa hapa, ambao abati wao alikuwa amekufa, walimjia wakamsihi awe baba yao. Akakataa muda mrefu. Aliwaambia wazi kwamba desturi zake na desturi zao hazitapatana. Wakazidi kumsihi, mwishowe akakubali.

Haukupita muda wakajuta. Walikuwa wamezoea kuishi kila mtu apendavyo, na huyu mkuu mpya hakuwaachia kwenda kuume wala kushoto. Wakanong'onezana, kisha wakaafikiana kumwua. Wakatia sumu katika divai, wakamletea mezani chombo cha kioo apate kukibariki kama ilivyo desturi ya watawa. Benedikto akanyosha mkono, akafanya ishara ya msalaba. Palepale chombo kikapasuka vipande vipande, kana kwamba kimepigwa kwa jiwe.

Sasa tazameni alivyofanya, maana kwa ajili ya hilo tulisafiri. Hakupiga kelele, wala hakuuliza ni nani aliyetia sumu. Hakuita watu wa mji waje kuona vipande. Aliinuka, uso wake umetulia, akawaombea huruma ya Mungu, akawakumbusha kwamba aliwaonya tangu mwanzo, akawaambia wajitafutie baba mwingine anayefanana nao. Kisha akarudi pangoni kwake.

Tulisimama pale juu ya jabali kitambo, tukiusikia mto. Kisha tukaingia motokarini bila maneno mengi.

Subiaco ni kama kilometa 70 kutoka Roma. Maana ya jina hilo ni "chini ya maziwa". Kaisari Nero, aliyetawala tangu mwaka 54 hata mwaka 68, alikuwa ameziba mto Aniene kwa kuta kubwa za mawe, maji yakajaa bondeni yakawa maziwa, naye akajenga jumba lake la starehe kando yake. Mwandishi wa Kiroma Tacitus asimulia kwamba mwaka 60 Nero alipokuwa akila huko radi ilipiga vyakula na kuvunja meza. Benedikto alipokuja, jumba lile lilikuwa gofu, lakini maziwa yalikuwa bado yapo. Ukuta wa mwisho ulibomoka mwaka 1305, na leo mto unapita huru. Lakini jina limebaki, na linaitwa kila siku na watu wasiowaza habari za Nero.

Tulipanda kwanza kwenye abasia ya Mtakatifu Skolastika, dada yake Benedikto. Benedikto alianzisha katika bonde hili nyumba 12, kila moja na wamonaki 12 na mkuu wao. Katika nyumba zile za zamani imebaki hii tu. Ina nyua tatu za ndani, zilizojengwa katika karne mbalimbali, na mnara wa kengele wenye umri wa miaka karibu 1,000. Waislamu waliotoka baharini waliiharibu katika karne ya 9. Mwaka 1944 mabomu ya vita yakaibomoa sehemu. Kila mara wamonaki waliokota mawe, wakaanza tena. Hapa pia walikuja Wajeremani wawili, Conrad Sweynheym na Arnold Pannartz, na mwaka 1465 wakapiga chapa vitabu ambavyo vyahesabiwa katika vile vya kwanza kabisa vya Italia. Sisi tunaosoma gazeti la misioni tusiipite nyumba hii bila kushukuru.

Humu bondeni ndimo yalimotokea mambo ambayo watoto wetu wa katekismu wanayapenda. Kijana Plasido alikwenda kuteka maji ziwani, akaanguka, akachukuliwa na maji. Benedikto, aliyekuwa chumbani mwake, akamtuma Mauro upesi. Mauro akakimbia juu ya maji asijue, akamshika Plasido kwa nywele, akamtoa. Alipofika nchi kavu akatazama nyuma ndipo akaogopa. Tena kulikuwa na Mgothi mmoja, mtu maskini wa kabila lililokuwa limeteka nchi ya Italia. Alikuwa akifyeka miiba ukingoni mwa ziwa, chuma cha chombo chake kikachomoka kikazama. Benedikto akatia mpini majini, chuma kikarudi mahali pake. Akamrudishia chombo chake, akamwambia afanye kazi asihuzunike. Mroma mwenye ukoo bora alimtumikia hivyo mtu wa kabila geni, na hakuona haya.

Kutoka hapo njia inapanda katikati ya msitu wa mialoni yenye majani yasiyopukutika. Ni msitu wa kivuli na baridi. Tulipofika juu, mlango ulikuwa umefungwa kwa sababu ya saa ya adhuhuri, basi tukakaa chini tukala mkate wetu. Pale ni juu ya bahari zaidi ya mita 600. Bonde lote linaonekana, mto kama uzi mweupe, na ng'ambo yake milima ya Simbruini imejipanga safu kwa safu hata macho hayafiki.

Hapo ndipo tuliposema neno lililokuwa moyoni. Miaka michache nyuma, katika ukoo wa mmoja wetu, kijana mwenye nguvu alikufa ghafula. Matanga hayajaisha, watu wakaanza kuuliza: Nani amemla? Wakamnyoshea kidole baba mdogo wake. Ushahidi wao ulikuwa mmoja tu: siku mbili mbele, mzee huyo alimkaribisha kijana kwake wakala na kunywa pamoja. Wakabomoa nyumba yake. Mzee akaenda kukaa mbali, kwa binti yake. Sisi tulikuwapo kwenye matanga yale. Hatukurusha jiwe, lakini hatukusema neno. Na shingoni tulikuwa tumevaa medali ya Mtakatifu Benedikto.

Mlango ulipofunguliwa tukaingia Sacro Speco, maana yake Pango Takatifu. Nyumba hii yote imeshikamana na mwamba kama kiota cha mbayuwayu. Kanisa liko juu ya kanisa, ngazi chini ya ngazi, na mara kwa mara ukuta unakoma na jabali lenyewe linatokeza. Katika uwanja kuna sanamu ya Benedikto ameinua mkono kuelekea mwamba unaoning'inia, kama mtu anayeukataza usiwaangukie wanawe.

Chini ni pango. Ni dogo, mtu mzima hawezi kutembea humo. Ndani imewekwa sanamu ya marmari nyeupe, kijana akisali mbele ya msalaba, kazi ya Antonio Raggi ya mwaka 1657, na karibu yake kikapu. Kikapu kile chakumbusha mmonaki Romano. Huyu peke yake alijua kwamba kijana yumo pangoni. Alijinyima sehemu ya mkate wake, akaushusha kwa kamba kutoka juu ya jabali, na kwenye kamba alifunga kengele ndogo Benedikto apate kusikia. Ibilisi akavunja kengele kwa jiwe, lakini Romano hakuacha. Siku moja padri mmoja wa mbali alionywa na Bwana, akambebea chakula chake cha Pasaka, akamtafuta mlimani mpaka akamwona. Benedikto hakujua hata kwamba siku ile ni Pasaka. Hata wachungaji walipomwona mara ya kwanza kati ya vichaka, amevaa ngozi, walidhani ni mnyama.

Penye bustani ndogo kuna mawaridi. Benedikto alipojaribiwa vikali na kumbukumbu ya mwanamke, alivua nguo akajitupa katika miiba na upupu, hata jeraha za mwili zikazima moto wa moyo. Mapokeo yasema Mtakatifu Fransisko wa Asizi alikuja huku yapata mwaka 1223, akapanda mawaridi penye miiba ile. Katika kikanisa cha Mtakatifu Gregori kuna picha yake ukutani. Hana taji ya nuru kichwani wala madonda mikononi, na jina lililoandikwa ni Ndugu Fransisko tu. Kwa hiyo wenye elimu wanaamini ilichorwa kabla hajatangazwa mtakatifu mwaka 1228, nayo yahesabiwa kuwa picha yake ya zamani kuliko zote.

Lakini sisi tulikuwa tunamtafuta kunguru. Tukamwona katika kanisa la chini, katika picha za fundi Consolo wa karne ya 13.

Padri mmoja wa jirani, jina lake Florentius, alimwonea Benedikto wivu. Alitaka sifa kama zake, lakini hakutaka maisha kama yake. Akamsingizia, akawazuia watu wasiende kwake. Aliposhindwa akampelekea mkate wenye sumu, kama zawadi ya mkate uliobarikiwa. Benedikto akaupokea kwa shukrani, lakini alijua lililomo. Kila siku wakati wa chakula kunguru alikuwa akitoka msituni kuja kupokea mkate mkononi mwake. Siku ile Benedikto akamwamuru kwa jina la Yezu Kristu auchukue mkate huo akautupe mahali ambapo mtu hawezi kuupata. Kunguru akafunua mdomo, akatanda mabawa, akazunguka akilia, kana kwamba ataka kutii lakini aogopa. Mtakatifu akamhimiza. Mwishowe akaushika, akaruka. Baada ya saa tatu akarudi, akapewa chakula chake cha kila siku.

Fikirini, ndugu. Benedikto alikuwa na ushahidi mkononi, si maneno ya matanga. Angaliweza kuupeleka mkate ule kwa askofu, au kuuonyesha mbele ya watu. Akaona vema upotee kabisa, usimwue mtu, usimharibie mtu jina. Gregori asema alimhurumia Florentius kuliko alivyojihurumia mwenyewe.

Florentius hakutubu. Akatuma wasichana saba wacheze uchi katika bustani ya monasteri, apate kuharibu roho za vijana. Benedikto akatambua kwamba vita hivi vinapiganwa kwa ajili yake. Akaziweka nyumba zake chini ya wakuu, akachukua wamonaki wachache, akaondoka. Florentius akasimama juu ya dari ya nyumba yake, akifurahi kuona adui anakwenda. Dari ikaanguka ikamwua, na nyumba nyingine yote ikabaki imesimama.

Mauro, yule aliyekimbia juu ya maji, akamtumia habari upesi: Rudi, Baba, aliyekutesa amekufa. Benedikto aliposikia alilia sana. Alilia kwa sababu adui yake amekufa, tena kwa sababu mwanafunzi wake amefurahi. Akampa Mauro kitubio. Wala hakurudi. Alikwenda mpaka Monte Cassino, yapata mwaka 529, akajenga huko, akaandika Kanuni yake, akafa huko yapata mwaka 547. Kanuni hiyo ina sura 73. Katika sura ya 13 ameagiza kwamba kila asubuhi na kila jioni mkuu asali Baba Yetu kwa sauti, wote wasikie, kwa sababu ya miiba ya magomvi inayoota kati ya ndugu. Wakisikia neno lile la kusamehe wadeni wetu, wajisafishe. Mtu aliyeonja chuki mara mbili ndiye aliyeandika hivyo.

Jioni dereva alitungoja chini. Yule mwenzetu wa ukoo ule alisema neno moja tu njiani: "Baba mdogo yu hai bado." Hatukuongeza kitu.

Tuliporudi Kongo tulikwenda kumwona. Tulimkuta amekaa mbele ya nyumba ya binti yake, amezeeka sana. Mwenzetu akapiga magoti akasema: "Baba, tumekuja kuomba msamaha. Siku ile tulinyamaza." Mzee alikaa kimya muda mrefu. Kisha akasema, "Karibuni, wana wangu, jua ni kali," akamwagiza mjukuu alete maji. Akaletea maji katika kikombe kimoja cha bati. Mzee akakipokea kwa mikono miwili, akatupa. Tukanywa, mmoja mmoja, mbele ya jirani waliokuwa wakitazama.

Wasomaji wapenzi, hatuwaambii mvue medali zenu. Zivaeni. Herufi zilizoandikwa kandokando ya msalaba ni mianzo ya maneno ya Kilatini ya kumfukuza Shetani, kumwambia sumu yake na ainywe mwenyewe. Lakini angalieni: maneno yale yanasema na Shetani, hayasemi na jirani. Mwenye kuivaa medali akamtaja ndugu yake kuwa mchawi bila ushahidi, huyo amebeba kikombe cha Vicovaro, na si msalaba uliokivunja. Hakuna haja ya kwenda Italia kujua hayo. Kwenye matanga yajayo, mtu atakapouliza "Nani amemla?", aliyevaa medali na aseme neno ambalo sisi tulishindwa kulisema.

Mtakatifu Benedikto, utuombee.